Mwandiko wa mjomba, na historia ya dawa za akili

Najua nimepotea. Mazoezi ya kufundisha yamenibana, kila siku naandaa masomo mpaka usiku. Leo Ijumaa nimetoka msikitini, nimekula, nimekaa zangu barazani hapa Kiembe Samaki, nikasema leo lazima niandike. Na hiki ninachoandika ni deni.

Mwaka jana tulikuwa ndani ya gari ya 505 tunarudi kutoka mjini, watano wa darasa moja. Pembeni ya barabara akapita mtu mzima, kakakamaa, mikono haichezi, hatua fupi fupi, mate kidogo mdomoni. Mmoja wetu akasema, "Muoneni roboti, huyo katoroka Kidongo Chekundu." Gari zima likacheka. Na mie nikachekacheka. Mtu yule ni mjomba wangu, ndugu wa mama tumbo moja, tunaishi naye nyumba moja. Sikusema kitu. Nyie mliokuwemo sikulaumuni, manake hamkujua. Mie nilijua.

Nimemuomba ruhusa kuandika haya. Kasema, "Andika mwanangu, ila jina langu liache."

Basi nataka nikuambieni jambo moja tu: ule uroboti mliouona haukuwa ugonjwa wake. Ilikuwa dawa. Na historia yake ni ndefu kuliko nilivyodhani.

Mjomba kabla hajaumwa alikuwa na mwandiko mzuri kuliko wote mtaani. Barua za posa, maombi ya kazi, watu walimletea yeye. Akaja kuumwa, akawa anasikia sauti, halali, anagombana na watu ambao hawapo. Akaanza kudungwa sindano ya kila mwezi. Sauti zikapungua kweli, hilo lazima nilikiri. Lakini mwandiko wake ukawa mdogo, herufi kama sisimizi. Nyumbani tukasema akili ndo imekwenda hivo.

Sasa turudi nyuma. Mwaka 1950 mkemia wa Kifaransa, Paul Charpentier, alitengeneza dawa inayoitwa klorpromazini, ambayo wengi waliijua kwa jina la Largactil. Daktari wa upasuaji wa jeshi la majini, Henri Laborit, alikuwa anatafuta kitu cha kuwatuliza watu kabla ya kupasuliwa, akaona dawa hii inamfanya mtu awe macho lakini hajali kitu. Mwaka 1952 Jean Delay na Pierre Deniker wakaijaribu kwa wagonjwa wa akili katika hospitali ya Sainte-Anne, Paris. Kabla ya hapo huko Ulaya mgonjwa alifungwa, au alitiwa usingizi mzito kwa insulini, au alikatwa sehemu ya ubongo. Kwa hiyo dawa hii ilikuwa nafuu kubwa, tusiibeze. Mwaka 1958 ikatengenezwa haloperidoli kule Ubelgiji, kwa Paul Janssen. Dawa za ukoo huo zikaenea dunia nzima, na kwetu zikafika.

Zinafanyaje kazi? Kwenye ubongo kuna kemikali inaitwa dopamini. Dawa hizi zinaziba milango inayopokea dopamini. Mlango wa sauti na mawazo ya uongo unazibwa, mgonjwa anapata nafuu. Lakini mlango wa kuendesha misuli nao unazibwa. Hapo ndo unakuja mkakamao, mikono kutetemeka, mate kuchuruzika, wengine hawawezi kukaa kitako hata dakika tano. Mtu akitumia miaka mingi anaweza kuanza kutafuna hali ya kuwa hana kitu mdomoni, na mara nyingine hilo haliondoki tena.

Hapa sikilizeni, maana hapa ndo niliposhangaa. Madaktari wengi wa wakati ule waliamini kuwa mkakamao ni alama ya dawa kufanya kazi! Daktari wa Kijerumani, Hans-Joachim Haase, alikuwa anamuandikisha mgonjwa kwenye karatasi, dozi inapandishwa mpaka mwandiko uanze kusinyaa. Ukisinyaa kidogo, basi dozi imefika. Niliposoma habari hiyo nilifunga kitabu nikaenda kutoa daftari la zamani la mjomba. Wallahi nilikaa nalo muda mrefu.

Kumbe basi, mwaka huohuo wa 1958, kampuni ya Wander ya Bern, Uswisi, ilikuwa imeshatengeneza klozapini. Dawa hii ilituliza wazimu bila ya kumkakamaza mtu. Wengine hawakuiamini kwa sababu hiyohiyo. Ndo maana ikaitwa dawa isiyo ya kawaida, na jina hilo likabaki kwa ukoo wote wa dawa mpya. Ikauzwa miaka ya mwanzo ya 1970, halafu mwaka 1975 ikatoka habari mbaya Finland: baadhi ya wagonjwa chembe nyeupe za damu zilikwisha, na wanane walifariki. Nchi nyingi zikaiondoa au zikaibana.

Ilirudi kwa utafiti wa John Kane na wenzake Marekani mwaka 1988. Walichukua wagonjwa 268 ambao dawa nyengine zilishindwa kuwasaidia. Waliopewa klozapini asilimia 30 walipata nafuu, waliopewa klorpromazini asilimia 4 tu. Mwaka 1989 Marekani ikairuhusu, kwa sharti la kupima damu mara kwa mara. Zikafuata risperidoni mwaka 1993, olanzapini 1996, kwetiapini 1997 na aripiprazoli 2002. Zinatumika kwa skizofrenia, kwa ugonjwa wa mtu kupanda na kushuka hisia kupita kiasi, na baadhi yake huongezwa kwenye matibabu ya huzuni kubwa. Klozapini ina sifa yake pekee, inapunguza watu kujaribu kujiua.

Sasa msije mkasema shida imekwisha. Kila dawa ina kodi yake. Klozapini na olanzapini zinanenepesha sana, zinapandisha sukari na mafuta ya damu. Klozapini pia inafunga choo kwa namna ya hatari. Risperidoni inaweza kumkatisha mwanamke siku zake au kutoa maziwa hana mtoto, na dozi ikiwa kubwa inakakamaza vilevile. Mwaka 2003 Marekani ililazimisha onyo la kisukari liandikwe kwa dawa zote za ukoo huu. Mwaka 2005 ukatoka utafiti mkubwa, watu karibu 1,500, ukiongozwa na Jeffrey Lieberman. Asilimia 74 waliacha dawa waliyopangiwa kabla ya miezi 18, na dawa moja ya zamani haikupitwa sana na hizo mpya. Waliotumia olanzapini walikuwa wanaongezeka karibu kilo moja kwa mwezi. Yaani tumetoka kwenye misuli tumekwenda kwenye tumbo na damu. Ni mabadilishano.

Kwetu Unguja historia hii ina upande wake. Mmarekani mmoja, Juli McGruder, aliishi hapa Zanzibar akazifuatilia familia tatu zenye wagonjwa wa skizofrenia, akamaliza kitabu chake cha shahada ya udaktari mwaka 1999. Aliona kuwa watu wetu wakiamini mashetani wamempanda mtu, hawamlaumu yeye mwenyewe. Shetani huja na huondoka, kwa hiyo mtu akitulia anarudi kuwa mtu wao, anakula nao sinia moja. Mie hilo nimeliona kwa bibi yangu, hakuwahi kumwita mjomba kichaa hata siku moja. Sie wasomi ndo tulicheka ndani ya gari.

Lakini kupenda peke yake hakutoshi, nalo niliseme. Miaka miwili nyuma sisi nyumbani tulikubaliana kuwa sindano ndo inamuharibu, tukamwacha asiende. Hatukumuuliza mtu. Mwezi wa kwanza tukafurahi, mwili ukalegea, akacheka. Baadae sauti zikarudi. Usiku mmoja akatoka hana viatu, tukampata alfajiri njia ya Uwanja wa Ndege, miguu imechanika. Mama alilia siku ile sijawahi kumuona akilia vile. Kumbe dawa haiachwi ghafla namna ile, tena bila ya daktari kujua. Tulichotakiwa kusema ni maneno machache tu: "Daktari, anakakamaa, hawezi hata kuandika." Alama tuliyoiona miaka yote hatukuitaja kwa sababu tulidhani ndo ugonjwa.

Akarudi kwenye sindano. Mwaka huu tulipoyasema hayo maneno, alibadilishiwa polepole, akapewa vidonge vya risperidoni. Sasa miezi mitano. Mikono imeanza kucheza anapotembea. Kanzu zimeanza kumbana tumboni, na chai yake bado anaitaka vijiko vitatu vya sukari. Mama anamtilia kimoja, wanagombana kila asubuhi, kugombana kwa watu wazima wenye akili zao.

Juzi aliniandikia karatasi ya vitu vya dukani: boflo, nazi mbili, sabuni. Herufi si kama za zamani, lakini nimezisoma bila ya kuuliza.

Jumatatu tunakwenda kupima sukari, mie na yeye, kwa gari ya 505 saa moja asubuhi. Mkituona, msalimieni. Ni mjomba wangu.

Haya, tukutane tena panapo majaaliwa. Masaa mema.