Mawe ya Namoratunga na Nyota

Msomaji ukaaye Rhonda, Bonde la Ufa unalolikanyaga kila siku haliishi Menengai. Laendelea kaskazini, likapita Baringo, hata likafika Ziwa Turkana. Na huko, kando ya barabara itokayo Lodwar kwenda Kalokol, zipo nguzo za mawe meusi zilizosimikwa ardhini na mikono ya watu. Mahali hapo huitwa Namoratunga. Waturkana husimulia kwamba mawe hayo yalikuwa watu waliokuwa wakicheza ngoma, wakageuzwa mawe. Usiicheke hadithi hiyo. Yaonyesha kwamba waliozisimika nguzo walikuwa wamekwisha kusahauliwa.

Mwaka 1978 wataalamu wawili Wamarekani, Lynch na Robbins, walitoa habari iliyowashangaza wengi. Walihesabu nguzo 19, wakazipima kwa dira, wakasema zimepangwa kuelekea machomozo ya nyota na makundi ya nyota saba ambayo Waborana huyatumia kuhesabia miezi. Miongoni mwake Kilimia, ambacho wakulima wetu nao hukijua, na Siriasi, nyota ing'aayo kupita zote. Walisema ya kuwa nguzo zilisimikwa miaka 300 hivi kabla ya Kristo, ili watu wapate kuchungulia mbingu.

Habari hii ilipendwa, maana waliokuwa wakidai kwamba Mwafrika wa kale hakuijua elimu ya nyota walionekana wamejibiwa. Walakini hoja ipendezayo yafaa ipimwe kwa ukali uleule tunaoipimia ile ituchukizayo.

Robert Soper alizipima nguzo hizo upya, na mwaka 1982 akatoa taarifa yake. Idadi yake ilizidi 19; tena mawe yenyewe yana usumaku, nao ulikuwa umeivuta sindano ya dira. Isogeze dira yako karibu na kipande cha chuma, nawe utaona jinsi sindano inavyopotoka. Kisha fanya hesabu: nguzo 19 ukiziunganisha mbili mbili wapata mistari 171. Katika mistari mingi namna hiyo, si ajabu michache ikaelekea nyota.

Jibu zito zaidi lilitoka ardhini. Mwaka 2018 Elisabeth Hildebrand na wenzake walieleza habari za Lothagam Kaskazini, mahali pengine penye nguzo karibu na ziwa lilo hilo. Palikuwa makaburi ya wafugaji wa kwanza wa nchi hizi, yaliyoanza miaka 5,000 hivi iliyopita, na waliozikwa hawapungui 580: wanaume, wanawake na watoto, wengi pamoja na shanga za mawe ya rangi. Nguzo za Kalokol nazo ni za zama hizo. Basi zilikuwapo miaka 2,000 na zaidi kabla ya tarehe iliyotumiwa kupangia nyota. Na dunia huyumba katika mhimili wake kama pia inayozunguka, mzunguko mmoja kwa miaka 26,000 hivi. Kwa hiyo machomozo ya nyota huhama, na hesabu iliyofanywa kwa zama moja haifai kwa nyingine.

Je, Waborana wamepungukiwa na kitu? Hata kidogo. Wajuzi wao, ayyantu, huutazama mwezi uwapo karibu na nyota fulani, wakahesabu mwaka wa miezi 12, siku 354 hivi, na siku zao zina majina 27. Msomi wa Eritrea, Asmarom Legesse, aliyaeleza hayo katika kitabu chake Gada cha mwaka 1973, kabla nguzo za Kalokol hazijahusishwa na nyota. Elimu hiyo imo vichwani mwa watu, wala haikuhitaji kushuhudiwa na mawe.

Nao wafugaji wale wa makaburini si wageni kwako kama udhanivyo. Vyungu vyao, vilivyotiwa nakshi za kuchomachoma, wataalamu huviita vyungu vya Nderit. Nderit ni mto uingiao Ziwa Nakuru kutoka kusini, ng'ambo ya ziwa ukiwa Rhonda.