Kamera Bubu Kwenye Uwanja wa Vita

Mwaka 1899 mpiga filamu W.K.L. Dickson alisafiri kwenda Afrika Kusini kupiga picha za vita vya Waingereza na Makaburu. Kamera yake ya kampuni ya Biograph ilikuwa nzito mno, ikabebwa kwa gari la farasi. Makaburu walipiga risasi kutoka mbali, wakiwa wamejificha, na lenzi za siku zile hazikuweza kuwafikia. Watazamaji Uingereza walidai mapigano, wakaletewa ya kuigiza: watengenezaji filamu Mitchell na Kenyon waliwavalisha watu sare za jeshi, wakapigana kwenye viunga vya mji wa Blackburn, hukohuko Uingereza.

Kufikia 1910 kampuni za Pathé na Gaumont zilikuwa zikitoa filamu za habari mara kwa mara, maelezo yakiandikwa kwenye skrini na piano ikipigwa ukumbini. Januari 1914 kiongozi wa mapinduzi Pancho Villa alitia saini mkataba na kampuni ya filamu ya Mutual ili vita vyake vya Mexico vipigwe picha.

Vita Kuu vya Kwanza vya Dunia vilipozuka, majeshi yaliiogopa kamera. Uingereza haikuruhusu wapiga picha rasmi kufika mstari wa mbele Ufaransa hadi mwishoni mwa 1915. Mwaka uliofuata Geoffrey Malins na J.B. McDowell walipiga filamu ya vita vya Somme, hukohuko Ufaransa. Siku ya kwanza peke yake, Julai 1, Waingereza zaidi ya 19,000 waliuawa. Filamu ilifika kumbini Agosti, mapigano yakiendelea bado, na mamilioni walikwenda kuitazama, wengi wakitafuta nyuso za watoto wao.

Majeruhi waliomo ni wa kweli, na maiti ni maiti. Lakini kipande kinachojulikana kuliko vyote, cha askari kutoka handakini na kuanguka, kiliigizwa. Askari hawana mizigo mgongoni, na mpiga picha amesimama mahali ambapo angeuawa mara moja. Kwangu mimi hilo ni kosa kubwa, kwa sababu uongo huo umelala kitanda kimoja na ushahidi wa thamani kabisa.

Huku Afrika Mashariki wapagazi wa Vita Kuu hivyohivyo walikufa kwa makumi ya maelfu, kwa njaa, malaria na kuhara damu. Picha za filamu zinazowaonyesha ni chache mno.

Kipande kile cha Somme bado hutumiwa kwenye vipindi vya televisheni kana kwamba ni cha kweli. Ukikiona, angalia kwanza kamera imesimama wapi.