Kenya: Pensheni ya mtumishi wa umma aliyeshtakiwa

Nchini Kenya, kushtakiwa si kufukuzwa. Sheria ya mwaka 2003 ya Kupambana na Ufisadi na Uhalifu wa Kiuchumi inaagiza afisa aliyeshtakiwa kwa ufisadi asimamishwe kazi kwa nusu mshahara hadi kesi imalizike. Akiachiliwa huru, au kesi ikifutwa, amri hiyo hukoma.

Utata hujitokeza anapotimiza miaka 60, umri wa kustaafu, kesi ikiwa bado mahakamani. Sheria ya Pensheni, yenye mizizi ya enzi ya ukoloni, inasema hakuna afisa aliye na haki kamili ya pensheni wala kiinua mgongo, na kwamba serikali inaweza kumfukuza bila fidia. Hata hivyo, kifungu cha 236 cha katiba ya mwaka 2010 kinakataza mtumishi wa umma kufutwa kazi pasipo utaratibu wa sheria kufuatwa.

Tangu Januari 2021, watumishi waliokuwa chini ya umri wa miaka 45 wakati huo wamewekwa katika mpango wa kuchangia: asilimia 7.5 kutoka mshahara wao, asilimia 15 kutoka serikalini. Waliobaki katika mfumo wa zamani hawana akiba hiyo. Kwao, kufukuzwa kunaweza kumaanisha kupoteza pensheni yote.