Mtu ni wa nani? Jamaa, Tempels na Fabian katika kambi za Kolwezi

Ukiomba watu wa Kolwezi wakuambie desturi zao, wanaangalia mbali. Mulunda anataja Musumba na Mwant Yav, Musanga anataja Mpande, Mucokwe anakuambia habari ya mukanda, Muluba anaanza na Kabongo ao Kasongo Niembo. Sisi tuliozaliwa Musonoi, katika nyumba za Union Minière zilizopangwa mistari mistari, tunaulizwa: na ninyi, yenu ni gani? Wengi tunanyamaza. Kuna hata wanaosema kwamba mtoto wa kambi hana desturi, iko na kazi ya baba yake tu. Tunaandika kurasa hizi kwa kukataa neno hilo. Katika kambi hizi kulizaliwa namna ya kufikiri juu ya mtu na juu ya undugu. Muzungu mmoja aliisaidia kuzaliwa, mwingine aliiandika vizuri, lakini walioisema usiku kwa usiku, kwa Kiswahili, walikuwa bazee wetu na bamama zetu.

Tuanze na kambi yenyewe. Union Minière du Haut-Katanga iliundwa 1906. Kwa miaka ya kwanza ilileta wanaume peke yao, wafanye kazi miezi michache, warudi kwao. Wengi walikufa kwa magonjwa, wengine walitoroka. Kuanzia 1928 hivi kampani ilibadilisha mupango: mutumishi aje na bibi yake, apewe nyumba, posho, hospitali, na masomo kwa watoto, ili akae miaka mingi na watoto wake wakue wakiwa watumishi pia. Watu walitoka Kasai, Lomami, Lualaba, Ruanda-Urundi na ng'ambo ya mupaka wa Rhodesia. Kolwezi ikawa mji 1937.

Sasa fikiri mtu yule aliyeshuka kwenye treni. Mukini kwao, kumuuliza "wewe ni nani?" ni kumuuliza "wewe ni mtoto wa nani, wa ukoo gani, mama yako alitoka wapi?" Akijibu, anajulikana. Kambini walimuuliza jina na kumpa matrikili, namba ya kazi. Jirani wa kuume hakujua lugha yake, jirani wa kushoto vilevile. Akifiwa na mtoto, nani atalia pamoja naye? Bibi yake akizaa, nani atakuja kumwosha mtoto? Wasomi wa Ulaya wanaita maulizo ya namna hii filozofia ya kuwa kwa mtu: mimi ni nani, niko hapa kwa nini, niko na nani. Wengine hufikiri ni maulizo ya watu wenye shibe. Kambini yalikuwa maulizo ya kila jioni.

Padri Placide Tempels, Mufransisko kutoka Ubelgiji, aliyezaliwa 1906 na kufika Congo 1933, alichapisha kitabu chake La philosophie bantoue mwaka 1945, hapa hapa Élisabethville. Mwaka ule ule, mwezi wa kumi, Jean-Paul Sartre aliwaambia watu wa Paris ya kwamba mtu hana kitu kilichopangwa mbele yake, anajitengeneza mwenyewe kwa matendo yake. Tempels alisema jambo lingine kabisa. Kwa Bantu, aliandika, kuwa ni kuwa na nguvu, na nguvu ya mtu inaongezeka ao inapunguka kwa njia ya wengine: wazazi, wakubwa, wafu, watoto. Mtu peke yake, aliyekatwa na wote, ni karibu si mtu tena. Kitabu kilisumbua wakubwa wa Kanisa na wa serikali. 1946 mwandishi alirudi Ulaya, akakaa kule mpaka 1949. Mwaka huo Présence Africaine ya Alioune Diop ilikitoa tena Paris, kikasomwa ulimwenguni pote.

Kilipata adui pia, na si wabaya wote. Aimé Césaire, katika Discours sur le colonialisme, alicheka kwa uchungu: kumbe Mweusi anaheshimiwa filozofia yake, huku mishahara, chakula na nyumba vinabaki kama vilivyo! Sisi watu wa kambi hatuwezi kupita neno hili haraka. Ni Desemba 1941, miaka mine tu mbele ya kitabu, ndipo asikari walipiga risasi watumishi wa Union Minière waliogoma kule Lubumbashi kwa kudai mushahara. Katika kitabu cha Tempels hawaonekani. Baadaye Paulin Hountondji wa Bénin aliuliza swali la pili: filozofia gani hii isiyokuwa na mwanafilozofia mwenye jina, ambayo watu wote wanaifikiri pamoja bila kujua, mpaka muzungu aje kuwaambia? Swali ni zuri, na tunafikiri jibu lake moja linapatikana Kolwezi.

Juu ya nini? Juu ya yaliyofuata kitabu. Mwaka 1953 Tempels aliwekwa Ruwe, jirani yetu, kati ya watumishi wa migodi. Yeye mwenyewe alieleza katika Notre rencontre, 1962, namna alivyobadilika. Alifika Congo akiwa bwana wa kufundisha na kuamuru. Miaka ilipita bila matunda. Kisha akaanza kuuliza watu: ninyi ni nani, mnatamani nini kwa ndani? Akasikia mambo matatu: uzima, uzazi, na mapendo, maana yake kuungana uzima na mwingine. Na aliposikia, akaona kwamba ni tamaa zake pia. Padri akawa mtu kati ya watu. Hapo ndipo Jamaa ilianza, pamoja na mabwana na mabibi wachache wa kambi.

Jina lenyewe tulitazame. Jamaa, katika Kiswahili chetu, ni watu wa nyumba, ndugu. Lakini wale walioitwa Jamaa hawakuwa wa damu moja. Bwana na bibi walioingia walikuwa na baba na mama waliowazaa katika mafundisho, na wao wakazaa wengine, na hivyo ukoo ukaongezeka. Waliingia wawili wawili, bwana na bibi yake, kwa njia tatu, moja nyuma ya nyingine, na kila njia ilikuwa na siri yake. Baba aliweza kuwa Muluba wa Kasai, mtoto wake Mulunda, mjukuu Mubemba. Bibi hakuwa mtu wa kuketi nyuma: bila yeye bwana hakuweza kuingia wala kuzaa. Kwa kambi ambamo kampani iliandika jina la mwanaume tu kwenye karatasi ya posho, jambo hili halikuwa dogo.

Johannes Fabian, kijana Mujerumani mwanafunzi wa antropolojia wa chuo kikuu cha Chicago, alikuja 1966 akafanya uchunguzi mpaka 1967, na Kolwezi na kambi zake zikawa mahali pake pakubwa. Tempels alikuwa amekwisha kurudi Ulaya tangu 1962. Kwa hiyo Fabian hakumkuta mwanzilishi, alikuta watumishi na bibi zao wakifundishana. Wakati ule antropolojia ilizoea kutafuta kabila, na ndani ya kabila mila za zamani, kama mtu anayechimba mifupa. Yeye alikuta watu wa migodi, wanaovaa kofia za kazi mchana, na usiku wanajadili umuntu. Kitabu chake Jamaa: A Charismatic Movement in Katanga kilitoka 1971. Humo hakusema kwamba Jamaa ni dini ya kale iliyojificha chini ya Ukristo, wala ugonjwa wa watu waliochanganyikiwa na mji. Aliichukua kama mafundisho, yenye maneno yake na mupango wake wa kufikiri, ya watu wanaojua wanasema nini.

Tunapenda kukaa kidogo hapa, sababu ndipo penye uzito. Fabian alitumia mashini ya kunasa sauti, akaandika mafundisho neno kwa neno, katika Kiswahili kile kile tunachosema sokoni. Si Kiswahili cha Unguja, si cha vitabu vya misioni. Na kutokana na kazi hiyo akajifunza jambo lililobadilisha mawazo yake mwenyewe. Mwaka huo wa 1971 aliandika insha, Language, History and Anthropology, akisema kwamba ukweli wa antropolojia hautoki katika kutazama watu kama mtu anavyotazama mawe. Unatoka katika kusemezana nao. Miaka kumi na miwili baadaye, 1983, akatoa Time and the Other, kitabu kinachosomwa katika vyuo vikuu vya dunia nzima. Neno lake kubwa ni hili: wataalamu wanakuja, wanakaa na watu, wanakula nao, wanaongea nao, wote wakiwa katika saa moja na siku moja. Kisha wanarudi kwao na kuandika kana kwamba watu wale wanaishi zamani. Wanawanyima wakati. Na kumnyima mtu wakati wako ni kumwambia kwamba hamko wamoja.

Hatusemi kwamba kitabu kile kiliandikwa Kolwezi. Lakini mwalimu anayejua jinsi mwanafunzi anavyoanza kufikiri hawezi kukosa kuona mbegu ilitoka wapi. Watu walioulizana "tunakutanaje?" walimpa kijana yule mfano wa kukutana. Na kwa Hountondji tunaweza kujibu kwamba hapa wanafilozofia walikuwepo, walisimama, walisema, walibishana, na sauti zao zilinaswa.

Kuna kitabu kingine chake ambacho walimu wa Kiswahili wangefaa kukijua: Language and Colonial Power, cha 1986. Kinaeleza kwamba Kiswahili hakikushinda Katanga kwa sababu ya misafara ya M'siri peke yake. Kampani na serikali walikitaka kiwe lugha ya kazi, kati ya mambo mengine ili kutenga Katanga na Rhodesia na ile lugha ya kusini, Kikabanga. Basi lugha iliyoletwa kwa kuamuru watu ndiyo watu waliigeuza kuwa lugha ya kupendana. Jambo hili linatushangaza mpaka leo.

Lakini tusiifanye Jamaa malaika. Siri zake zilileta mashaka. Tawi lililoitwa Katete lilishitakiwa kwa kupotosha mafundisho juu ya bwana na bibi, na katika miaka ya 1970 maaskofu waliweka masharti makali. Wengi walitoka, wengine waliendelea kimya kimya. Tempels alikufa Ubelgiji 1977. Na kipimo kikubwa zaidi hakikutoka kwa maaskofu.

Mwaka 1992 wakubwa wa siasa wa mkoa, uliokuwa ukiitwa bado Shaba, walianza kutangaza kwamba watu wenye asili ya Kasai si wenye inchi. Waliwaita bilulu, wadudu. Ilianza Likasi, na mwezi wa tatu 1993 ikafika Kolwezi. Watu waliozaliwa hapa, ambao baba zao walichimba hapa, walifukuzwa nyumbani na kurundikana kwenye gare, wakingojea treni kwa majuma na miezi. Wengi walikufa pale, ao njiani. Sisi tulikuwa vijana; tuliona viti vya masomo vikibaki vitupu.

Tuliongea na mama mmoja mzee wa Musonoi, Mulunda, aliyeingia Jamaa na bwana yake kabla ya Shaba mbili ya 1978. Baba yao katika Jamaa alikuwa wa Kasai. Tulimuuliza kama undugu ule ulisaidia kitu mwaka ule. Alifikiri, kisha akasema kwamba alipika bukari kila siku na kupeleka gare, kwa siri, mpaka treni ilipoondoka. Jirani yake, wa Jamaa pia, hakwenda. "Aliogopa," akasema, "na mimi niliogopa. Lakini yule alinizaa." Hakuongeza neno.

Tempels angependa jibu hilo, na tunafikiri Césaire angeuliza bukari moja inafanya nini mbele ya treni nzima. Wote wawili wana haki. Undugu uliotengenezwa kwa maneno unaweza kuvunjwa na maneno. Bilulu ni neno moja tu. Lakini undugu wa damu ulivunjika pia siku zile: kulikuwa na nyumba za ndoa zilizochanganyika, ambamo wajomba walidai mama abaki na baba aende. Kwa hiyo hatukubali wale wanaosema kwamba undugu wa ukoo ndio wa kweli na ule wa kambi ni mchezo.

Ulizo hili limerudi tena na jina jipya. Tangu 2015 tuko mkoa wa Lualaba, shaba na kobalti vinaleta watu kutoka kila upande, na vijana kutoka Kasai wanafika tena na mifuko yao. Karatasi za kazi zinauliza asili. Katika redio tunasikia "wenyeji" na "wageni," na mtoto wa kizazi cha nne aliyezaliwa Musonoi hajui aweke alama wapi. Pale wachimbaji wanapokaribia nyumba, kuna mitaa inayohamishwa, na majirani wa miaka mingi wanatawanyika, kila mtu na feza yake ya fidia. Matrikili imekwisha, posho imekwisha, lakini "wewe ni nani?" ya kapita inaendelea.

Katika masomo tunafundisha Descartes na Sartre, kwa sababu programu inataka hivyo. Mara moja moja, kwa darasa la sita, tunasoma kurasa chache za mafundisho aliyonasa Fabian. Vitabu vyake vikubwa viko kwa Kiingereza. Time and the Other ulipata tafsiri ya Kifaransa 2006, lakini kile cha Jamaa wanafunzi wetu hawawezi kukisoma. Maneno ya bazee yenyewe, lakini, yameandikwa kwa Kiswahili. Wanafunzi hucheka kwanza, sababu hawajawahi kuona lugha ya nyumbani imechapwa na profesa. Kisha mmoja anauliza kama anaweza kupeleka karatasi ile kwa bibi yake mzaa baba, anayekaa karibu na parokia, amsomee. Tunamkubalia, na karatasi huwa hairudi.