Kuzuia na Kuhifadhi: Istilahi ya Amri za Muda katika Mashauri ya Mashamba ya Urithi

Neno "zuio" limekwisha kukaa katika lugha ya mahakama zetu, wala hatukusudii kuling'oa. Katika makala haya twataka kuonyesha kwamba neno hilo limebeba nusu tu ya dhana lililopewa, na kwamba nusu iliyoachwa ndiyo inayohitajiwa zaidi na ndugu wanaogombea mali ya urithi. Kielelezo chetu ni kisiwa cha Mafia, ambako mali hiyo mara nyingi ni minazi.

Mafia ilitoka katika mamlaka ya Sultani wa Unguja ikaingia mikononi mwa Wajerumani mwaka 1890. Waingereza waliiteka mwaka 1915, na mwaka 1922 ikaunganishwa na Tanganyika. Katika Tanganyika ilitumika sheria ya mwenendo wa madai iliyotungwa India mwaka 1908. Hivyo warithi wa Kiislamu waliendelea kugawana mafungu yao kwa sheria ya dini na kwa Kiswahili, lakini amri ya kulinda mali wakati wa shauri ilikuwa na asili ya Kiingereza. Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966 iliurithi utaratibu huo. Amri yake ya 37 (hapa "Amri" ni jina la sehemu ya sheria, si agizo la hakimu, nalo ni tatizo jingine la istilahi) huiruhusu mahakama kuingilia kati endapo mali inayobishaniwa imo hatarini kufujwa, kuharibiwa au kuuzwa. Mwaka 1969, katika shauri la Atilio na Mbowe, Jaji Mkuu Georges alieleza masharti matatu: pawe na hoja nzito yenye kuelekea kufaulu, pawe na hatari ya hasara isiyofidika, na ipimwe ni nani atakayeumia zaidi.

Tuchukue mfano. Mtu amefariki akaacha mjane, mwana mmoja wa kiume, mabinti wawili na minazi 160. Mjane hupata thumni, yaani minazi 20, mwana 70, kila binti 35. Hesabu ni nyepesi, ila shamba halijagawanywa. Mwana anaishi hapo na ndiye anayeita wakwezi. Dada zake wameolewa mbali. Wanasikia kwamba amepata mnunuzi wa mbao, na minazi itakatwa. Mnazi mrefu wa pwani huchukua miaka sita au zaidi kabla ya kuzaa. Hapa "hasara isiyofidika" haihitaji maelezo.

Basi mahakama hutoa "zuio la muda". Mwana akilisikia neno hilo huelewa kwamba amezuiwa, naye hukaa mbali na shamba. Nazi hukomaa, huanguka, huchipua chini au huokotwa na wapita njia, na magugu hupanda. Mali iliyokusudiwa kulindwa imeharibika kwa kutii neno. Dada nao wakiambiwa "hali ibaki kama ilivyo" huuliza, na kwa haki: ilivyo lini? Kama ni ilivyo leo, kaka ataendelea kuangua na kuuza peke yake.

Mtaalamu wa Kiingereza atasema kwamba maneno ya lugha hiyo nayo hayajitoshelezi. Ni kweli, lakini nyuma yake kuna hukumu nyingi zinazoyafafanua, na mkulima wa Mafia hakuzisoma. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama, mfasiri hawezi tena kumwachia wakili kazi ya kufafanua.

Kwa hiyo twapendekeza istilahi mbili: "amri ya zuio" kwa tendo linalokatazwa, kama kukata au kuuza; na "amri ya hifadhi" kwa yale yanayopaswa kuendelea, kama kuangua, kupalilia na kutunza hesabu. Vilevile amri inayotolewa kabla upande wa pili haujasikilizwa iitwe "ya mpito", na ile ya baada ya kusikilizwa "ya muda". Leo zote mbili huitwa "za muda", na wadaawa huzichanganya. Sheria yenyewe yataja utunzaji wa hesabu, na yaweka ukomo wa miezi sita, ambao ukiongezwa haupiti mwaka mmoja kwa jumla. Katika muda huo nazi huanguliwa zaidi ya mara moja, na kila mara pana fedha za kuandikwa kwa jina la mjane, la mwana na la kila binti.