Gharika Kabla ya Nuhu

Safina ilipokuwa imekwama mlimani kwa siku saba, mzee alimtoa njiwa akamwachia. Njiwa akazunguka, akakosa pa kutua, akarudi. Akamwachia mbayuwayu, naye akarudi. Mwisho akamwachia kunguru. Kunguru akakuta maji yamepungua, akapata chakula, hakurudi tena.

Aliyelelewa na habari za Nabii Nuhu, awe Mkristo au Mwislamu, atasema kisa hiki anakijua. Lakini mzee huyu si Nuhu. Anaitwa Utnapishtim, mtu wa Shuruppak, mji wa kale kusini mwa Iraki, na habari zake zimo katika kibao cha 11 cha utenzi wa Gilgamesh.

Kibao hicho ni cha udongo, kimeandikwa kwa mwandiko wa kikabari, nacho kilitoka Ninawi, katika maktaba ya mfalme Ashurbanipal wa Ashuru, aliyetawala karne ya 7 KK. Ninawi ilipotekwa na kuchomwa mwaka 612 KK, maelfu ya vibao yalifukiwa chini ya kifusi cha makasri. Karatasi au ngozi ingeteketea, udongo ulisalia. Katikati ya karne ya 19 vibao hivyo vikachimbuliwa na Mwingereza Austen Henry Layard pamoja na Hormuzd Rassam, mzaliwa wa Mosul, mji uliotazamana na magofu yenyewe ng'ambo ya mto Hidekeli. Rassam husahauliwa mno, na hiyo ni dhuluma, kwa maana bila yeye sehemu kubwa ya hazina hiyo isingepatikana.

Vikapelekwa London, vikakaa makumbushoni vikiwa vipande vipande. Aliyevisoma ni George Smith, kijana aliyezaliwa mwaka 1840, ambaye hakupita chuo kikuu chochote. Kazi yake ilikuwa kuchonga mabamba ya kuchapishia noti za benki, na saa ya chakula cha mchana alikuwa akiitumia makumbushoni kujifunza mwandiko wa kikabari. Jicho lililozoea mistari midogo ya noti likawa jicho la kuunganisha vipande vya vibao. Mwaka 1872 akakutana na habari za meli iliyokwama mlimani na njiwa aliyerudi. Tarehe 3 Desemba mwaka huohuo aliisoma tafsiri yake mbele ya wasomi, na waziri mkuu Gladstone akiwamo ukumbini. Gazeti la Daily Telegraph likamgharimia safari ya kwenda Ninawi, na huko, mwaka 1873, akapata kipande kingine cha kisa cha gharika. Alifia Aleppo mwaka 1876, akiwa na miaka 36 tu.

Watu wakagawanyika papo hapo. Wapo waliosema Biblia imethibitishwa, wapo waliosema Biblia imenakili. Naona pande zote mbili zilifanya haraka, kwa sababu vibao vingine vilikuwa bado havijasomwa. Kilichosema mengi kuliko vyote ni utenzi wa Atrahasis, ulionakiliwa Babeli katika karne ya 17 KK, miaka elfu moja kabla ya maktaba ya Ashurbanipal. Ulichapishwa kwa ukamilifu unaoridhisha mwaka 1969 tu, kwa kazi ya W. G. Lambert na A. R. Millard.

Humo tunaambiwa gharika ililetwa na nini. Hapo mwanzo miungu wadogo ndio waliochimba mifereji, wakachoka, wakagoma. Binadamu akaumbwa abebe mzigo wao na kuwalisha kwa sadaka. Akazaana, akajaa nchini, na kelele zake zikamnyima usingizi Enlil, mkuu wa miungu. Enlil akaleta tauni, kisha ukame na njaa, na vyote viliposhindwa akaamua kuleta maji. Miungu wenzake walifungwa kwa kiapo wasitoe siri. Enki, mungu wa hekima, akaukwepa ule mtego: hakusema na mtu, alisema na ukuta wa matete wa nyumba, na Atrahasis akasikia akiwa ndani. Akajenga chombo, akakipaka lami, akapakia watu wake na wanyama.

Mvua ikanyesha siku saba. Waliokuwa wakiwalisha miungu wakafa, na miungu wenyewe wakashikwa na njaa. Aliyeokoka alipochoma sadaka, walikusanyika juu ya moshi kama nzi. Katika Mwanzo pia Nuhu anatoa sadaka na Mungu anasikia harufu yake, lakini haji kwa sababu ana njaa. Waandishi wa Kiebrania walibakiza moshi, wakaiondoa njaa.

Kwamba walikijua kisa hiki si ajabu. Kipande cha utenzi wa Gilgamesh kimepatikana Megiddo, ndani ya nchi ya Kanaani, nacho kimetangulia ufalme wa Daudi. Baadaye, katika karne ya 6 KK, Wayahudi walipelekwa uhamishoni Babeli kwenyewe, nchi ambayo mito Frati na Hidekeli hufurika majira ya kuchipua, theluji ya milima ya kaskazini inapoyeyuka, mashamba ya shayiri yakikaribia kuvunwa. Huko Shuruppak wachimbaji walikuta tabaka la matope ya mafuriko ya yapata 2900 KK. Watu wa bonde lile hawakuhitaji kubuni hofu ya maji.

Ila sababu waliyoitoa Waebrania ni nyingine kabisa. Katika Mwanzo, kama katika Kurani, kosa ni uovu na dhuluma; wingi wa watu na kelele zao havitajwi kuwa sababu. Na tofauti hiyo ndiyo inayoamua mwisho. Atrahasis unamalizika kwa Enki na mungu wa uzazi kupanga jinsi ya kupunguza watu: wawepo wanawake tasa, wawepo makuhani wa kike waliokatazwa kuzaa, awepo pepo wa kunyakua watoto wachanga mapajani mwa mama zao. Kwa mama wa Babeli aliyezika kichanga, huo ndio ulikuwa ufafanuzi wa msiba wake. Katika Mwanzo sura ya 9, jambo la kwanza ambalo Nuhu na wanawe wanaambiwa baada ya sadaka ni baraka: wazae, waongezeke, waijaze nchi.