Samatta na jezi ya Fenerbahçe (sehemu ya 6)

Mama wa Busisi, mwanao anayecheza chandimu anajua Mbwana Samatta alifika Uturuki. Wewe ijue njia yenyewe. Alitoka Simba 2011 kwenda TP Mazembe, Lubumbashi, akabeba Ligi ya Mabingwa Afrika 2015. Ndo Genk wakamchukua, kisha Aston Villa, Januari 2020. Septemba hiyohiyo yuko Istanbul, Fenerbahçe: kwanza kwa mkopo, halafu mkataba wa miaka 4. Miaka 4 jamani! Kumbe alimaliza msimu mmoja tu, akakopeshwa Antwerp, akakopeshwa tena Genk, na 2023 akahamia PAOK ya Ugiriki.

Kwa hiyo wakala akikuletea karatasi usaini, muulize: mtoto akikopeshwa, mshahara analipa nani? Akiumia goti, matibabu ya nani? Mimi nesi hilo la goti ningeanza nalo.